Kanisa la Wavuvi wa Dago: Miaka 400 ya Jengo Dogo la Mbao Kisiwani Ulvön

Mvuvi wa pwani yetu hahitaji kuelezwa maana ya kwenda dago. Ni kupakia nyavu, unga, sufuria na jamvi kwenye chombo, kuaga nyumbani, na kufuata samaki pwani ya mbali kwa wiki au miezi. Kila msimu wa kaskazi tunawapokea wavuvi kutoka Pemba katika fuo za Watamu, Malindi na kwingineko. Hupiga kambi, huvua, huuza, na upepo ukigeuka hurudi kwao. Kambi huvunjwa, na mwaka unaofuata huenda usione alama yoyote ya mahali walipolala.

Makala haya yanaeleza kisa cha wavuvi wa dago wa nchi nyingine ambao waliacha alama. Huko Uswidi, kaskazini mwa Ulaya, wavuvi walijenga kanisa dogo la mbao katika kisiwa walichokaa miezi michache tu ya mwaka. Walilijenga mwaka wa 1622. Lipo hadi leo. Tumekichagua kisa hiki kwa sababu kaunti yetu nayo ina majengo madogo ya aina hiyo, makanisa, misikiti na mabanda ya wavuvi, ambayo hayamo katika vitabu vya utalii na yanabomoka bila mtu kuandika hata mwaka yalipojengwa.

Wavuvi walikotoka

Kisiwa chenyewe kinaitwa Ulvön. Kwa hakika ni visiwa viwili, cha kaskazini na cha kusini, na kati yake kuna mlango mwembamba wa bahari unaokinga vyombo dhidi ya mawimbi. Kijiji cha Ulvöhamn kiko kando ya mlango huo. Visiwa hivi vimo katika Ghuba ya Bothnia, bahari iliyo kati ya Uswidi na Ufini. Maji yake hayana chumvi nyingi, na wakati wa baridi sehemu kubwa ya ghuba huganda ikawa barafu. Uvuvi wa zamani wa nyavu na mashua ulitegemea majira ya joto.

Waliojenga kanisa hawakuwa wenyeji wa Ulvön. Walitoka Gävle, mji wa kusini zaidi katika pwani hiyo hiyo. Kutoka Gävle hadi Ulvön ni zaidi ya kilomita 250, safari ndefu kidogo kuliko ile ya kutoka Mombasa hadi Lamu. Kila mwaka barafu ilipoyeyuka, walipandisha tanga na kuelekea kaskazini. Wengi hawakwenda peke yao. Walichukua wake, watoto, wafanyakazi, na hata mbuzi wa maziwa. Walikaa huko hadi majira ya joto yalipokwisha, kisha wakarudi mjini na mapipa ya samaki waliotiwa chumvi.

Samaki waliyemfuata ni heringi wa bahari ile, samaki mdogo wa jamii moja na dagaa. Chumvi ilikuwa bidhaa ghali kwao. Ndiyo sababu pwani ile ina desturi ya kumtia heringi chumvi kidogo tu na kumwacha achachuke ndani ya pipa. Harufu yake ni kali kiasi cha kumtoa mgeni machozi, lakini chakula hicho kinapendwa hadi leo, na Ulvön ni mojawapo ya visiwa vilivyojulikana kwa kukitengeneza. Sisi tunaokula ng'onda na papa mkavu tunajua kwamba harufu ya samaki haimzuii mwenye njaa wala mwenye kuzoea.

Kwa nini kanisa

Uswidi ilikuwa imekuwa nchi ya Kilutheri. Agano Jipya lilichapishwa kwa lugha ya wananchi mwaka wa 1526, Biblia nzima ikafuata mwaka wa 1541, na mkutano mkuu wa kanisa uliofanyika Uppsala mwaka wa 1593 ukathibitisha imani ya Kilutheri kuwa ya taifa zima. Katika miaka iliyofuata, kwenda ibadani lilikuwa jambo la sheria pamoja na la imani. Aliyekosa bila sababu aliweza kuadhibiwa.

Sasa fikiria hali ya mvuvi wa Gävle. Kanisa lake liko zaidi ya kilomita 250 kusini. Kanisa la usharika wa bara lililo karibu liko ng'ambo ya maji, na bahari ikichafuka hafiki. Katika kambi watoto wanazaliwa, watu wanaugua, wengine wanazama. Ibada, ubatizo na mazishi havingeweza kungoja mwisho wa msimu. Kwa sababu hiyo wavuvi wa pwani ile walijenga makanisa madogo kwenye kambi zao za visiwani. La Ulvön ni mojawapo ya ya zamani zaidi yaliyobaki. Kisiwa jirani cha Trysunda kina jingine la karne hiyo hiyo ya 17.

Mchungaji hakukaa kisiwani mwaka mzima. Alikuja kwa mashua kutoka bara kwa nyakati maalumu. Katika makanisa ya aina hii, siku ambazo mchungaji hakuwapo, mmoja wa wavuvi mwenye kujua kusoma aliweza kuwasomea wenzake mahubiri kutoka kitabuni.

Kwa nini la mbao

Jibu ni jepesi: mbao ndiyo iliyokuwapo. Pwani ile ina misitu ya misonobari hadi karibu na maji. Ujenzi wa kawaida wa huko ni wa magogo yaliyolazwa, moja juu ya jingine, na kukatwa vishikizo kwenye pembe ili yaumane bila kuhitaji misumari mingi. Nyufa kati ya magogo huzibwa kwa kuvumwani. Jengo huinuliwa juu ya mawe ili mbao isiguse udongo wenye unyevu.

Mbao hudumu muda mrefu huko kwa sababu mbili. Kwanza, hakuna mchwa. Pili, paa likitunzwa na maji yasipoingia, ubaridi huchelewesha kuoza. Gogo moja likiharibika, fundi anaweza kulitoa na kuweka jingine bila kubomoa ukuta wote. Kwa hiyo tunaposema jengo lina miaka 400, tunasema pia kwamba kwa miaka 400 kuna mtu aliyepanda juu ya paa lake kila lilipovuja.

Nasi tulijenga kwa kilichokuwapo. Wazee wetu walitumia matumbawe, chokaa, boriti za mikoko na makuti. Malindi kuna kanisa dogo la Wareno la karne ya 16, lenye paa la makuti. Mji huo ndio aliopitia mmishonari Francis Xavier mwaka wa 1542 akielekea India. Kanisa hilo nalo lilihudumia watu wa baharini waliokuwa mbali na kwao.

Sheria za bandari

Kambi ya wavuvi bila kanuni huishia kwenye ugomvi. Pwani ya Uswidi ilikuwa na sheria za bandari zilizojulikana na kila mvuvi. Wavuvi walikuwa na msimamizi wa bandari. Mahali pa kutega nyavu paligawanywa kwa kura, ili mwenye nguvu asichukue penye samaki kila mara. Kutega nyavu kulikatazwa wakati wa Sabato. Aliyevunja kanuni alitozwa faini.

Katika kambi kama hizi kanisa na uvuvi havikuwa mambo mawili tofauti. Watu waliosali pamoja asubuhi ndio hao hao waliopaswa kukubaliana juu ya kura, zamu na madeni. Kanisa lilikuwa paa kubwa la pamoja katika kisiwa ambako kila jamaa alikuwa na kibanda chake kidogo tu.

Mfumo huo hautakuwa mgeni kwa wasomaji wetu. Hapa Kenya vikundi vya usimamizi wa fuo, yaani BMU, viliwekewa kanuni za kitaifa mwaka wa 2007. Wanachama huchagua kamati, huweka orodha ya vyombo na wavuvi, na hupitisha kanuni ndogo za ufuo wao. Wavuvi wa Ulvön walikuwa wakifanya kazi ya namna hiyo karne nyingi zilizopita.

Michoro ya 1719 na moto wa 1721

Ukiingia katika kanisa la Ulvön leo, kinachokushangaza ni rangi. Kuta na dari vimejaa michoro. Ni kazi ya mchoraji wa eneo hilo aitwaye Roland Johansson Öberg, aliyoifanya mwaka wa 1719. Wengi hudhani makanisa ya Kilutheri yalikuwa na kuta tupu. Uswidi haikuwa hivyo. Walutheri wa huko waliendelea kuchora visa vya Biblia ukutani, na mtoto au mtu mzima asiyejua kusoma aliweza kuvifuata kwa macho huku mahubiri yakiendelea.

Mwaka huo wa 1719 haukuwa wa raha. Uswidi ilikuwa vitani na Urusi na majirani wengine tangu mwaka wa 1700. Mfalme Karl XII alikuwa ameuawa vitani mwaka wa 1718. Katika majira ya joto ya 1719 meli za Urusi zilichoma vijiji na miji katika pwani ya Stockholm. Wavuvi wa kisiwa kidogo waliamua kulipamba kanisa lao katika wakati ambao hakuna aliyejua kama lingesalimika hadi mwaka unaofuata.

Miaka miwili baadaye, mwaka wa 1721, meli hizo zilifika kaskazini. Miji ya pwani ile ile, ikiwemo Sundsvall na Härnösand, iliteketezwa. Amani ilitiwa saini mwaka huo huo, miji mingi ikiwa imebaki majivu. Kanisa la mbao la Ulvön halikuteketea, na michoro ya 1719 ingali ukutani.

Ardhi inayoinuka

Kuna jambo jingine kuhusu kisiwa hiki ambalo msomaji wa pwani yetu atalistaajabia. Huko ardhi inapanda. Maelfu ya miaka iliyopita eneo hilo lilifunikwa na barafu nene iliyolikandamiza. Barafu ilipoyeyuka, ardhi ilianza kuinuka taratibu, kama godoro linapoinuka baada ya mtu kutoka juu yake. Inaendelea kuinuka kwa takriban milimita 8 kwa mwaka. Kwa hesabu hiyo, tangu mwaka wa 1622 imepanda karibu mita 3. Mahali ambapo mashua zilielea wakati kanisa linajengwa, leo panaweza kuwa pakavu.

Kwa sababu ya maajabu hayo, pwani hiyo iliwekwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka wa 2000, na mwaka wa 2006 orodha ikaongezwa visiwa vya upande wa Ufini. Huku kwetu mambo ni kinyume. Katika sehemu nyingi bahari ndiyo inayokula ufuo, na jengo lililokuwa mbali na maji wakati wa babu leo linapigwa na mawimbi ya maji makuu. Wao wanaona bahari ikiwakimbia, nasi tunaiona ikitujia. Kwetu muda wa kuandika na kutunza ni mfupi zaidi.

Dago lilipokwisha

Baada ya muda, watu zaidi walianza kukaa Ulvön mwaka mzima, na Ulvöhamn ikakua kuwa mojawapo ya vijiji vikubwa vya uvuvi vya pwani hiyo. Safari za wavuvi wa Gävle zilipungua, kisha zikakoma. Kijiji kilipata kanisa jipya, kubwa zaidi.

Hapo ndipo majengo mengi ya zamani hufa. Jipya likisimama, la zamani hugeuzwa ghala, mbao zake hung'olewa moja moja, na mwishowe huanguka lenyewe. Ulvön haikufanya hivyo. Kanisa la zamani liliachwa mahali pake. Leo wakazi wa kudumu wa kisiwa ni wachache, na uvuvi si kazi ya wengi kama ilivyokuwa. Katika majira ya joto wageni huvuka kwa feri, hutembea kijijini, na wengi wao hutaka kuliona kanisa dogo lenye kuta zilizochorwa. Jengo lililojengwa na wageni wa msimu sasa ni moja ya sababu za wageni wa msimu kufika tena.

Uswidi imelilinda suala hili kwa sheria pia. Majengo ya Kanisa la Uswidi yaliyojengwa kabla ya mwisho wa mwaka wa 1939 yana ulinzi maalumu. Kuyabadilisha kwa kiasi kikubwa kunahitaji kibali cha ofisi ya serikali katika jimbo. Mwaka wa 2000 kanisa hilo lilitenganishwa na serikali, lakini ulinzi wa majengo uliendelea, na serikali huchangia gharama za kuyatunza kwa kuwa ni urithi wa raia wote, wanaosali na wasiosali.

Hapa inafaa kutaja uhusiano mmoja wa kweli na Kenya. Wamishonari wa Kilutheri kutoka Uswidi walifika eneo la Kisii mwaka wa 1948, na Kanisa la Kiinjili la Kilutheri nchini Kenya lilikua kutokana na kazi hiyo. Waumini wake wengi hawajawahi kuona bahari inayoganda, lakini imani yao ilipitia kwa watu waliolelewa katika makanisa ya nchi ile.

Nani anawajibika hapa kwetu

Wakazi hutuuliza mara kwa mara ni serikali ipi inayohusika na majengo ya kale. Jedwali la Nne la Katiba ya mwaka wa 2010 linagawanya kazi hiyo. Makaburi ya kale, magofu na majengo ya kihistoria yenye umuhimu wa kitaifa yako chini ya serikali ya kitaifa, na Makavazi ya Kitaifa ya Kenya ndiyo yenye wajibu huo. Shughuli za utamaduni na makavazi ya kaunti ziko chini ya serikali za kaunti.

Lakini kuna kundi la tatu ambalo hakuna orodha inayolitaja: majengo ya jamii. Msikiti mdogo uliojengwa na wavuvi karibu na bandari yao, kanisa la kwanza la kijiji, nyumba ya mikutano ya wazee. Haya hayatalindwa na ofisi isiyojua kwamba yapo. Mfano wetu bora wa ulinzi wa jamii ni makaya ya Wamijikenda, yaliyowekwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka wa 2008. Kabla ya orodha hiyo, misitu ile ilisimama kwa sababu wazee wa kaya walikuwa na miiko yao na waliisimamia.

Unachoweza kufanya

Kama katika kijiji chenu kuna jengo la aina hii, mambo yafuatayo hayahitaji fedha nyingi.

1. Andikeni historia yake sasa. Waulizeni wazee: nani alijenga, mwaka gani au tukio gani, nani alitoa ardhi, lilitumika kwa nini. Wekeni nakala kwa zaidi ya mtu mmoja.

2. Piga picha za kila upande, nje na ndani, na uandike tarehe. Picha hizo zitamwongoza fundi siku jengo litakapohitaji kurekebishwa.

3. Anzeni na paa. Makuti yaliyochakaa yabadilishwe kabla ya masika. Ukuta hauharibiki haraka kama paa halivuji.

4. Msizibe ukuta wa matumbawe na chokaa kwa saruji. Saruji ni ngumu na huzuia unyevu na chumvi kutoka, hivyo ukuta huliwa kwa ndani na kumomonyoka. Tumieni chokaa, kama walivyofanya waliojenga.

5. Hakikisheni mipaka na hati za kiwanja zinajulikana. Jengo la jamii lililo juu ya ardhi isiyo na kumbukumbu ni rahisi kupotea.

6. Kabla ya kubomoa, kuchimba au kujenga upya, fikeni kwa msimamizi wa wadi au idara ya utamaduni ya kaunti. Mkikuta vigae, makaburi au vitu vya kale, viacheni mahali pake na muwajulishe Makavazi ya Kitaifa bila kuchelewa.

7. Mpeni mtu au kamati jukumu la kudumu. BMU, kamati ya msikiti au baraza la kanisa linaweza kuweka jengo katika ajenda ya mkutano wake wa kila mwaka.

Hatua ya mwisho ndiyo iliyo ngumu kuliko zote, maana haina sherehe. Wavuvi wa Gävle walikuja Ulvön kutafuta heringi. Walikaa miezi michache, wakaondoka, na mwaka uliofuata walirudi na kukagua paa. Watoto wao wakafanya hivyo, na watu wa kisiwa wakaendelea walipokoma kuja. Safari nyingine ukiteremka bandarini kijijini kwenu, angalia kama lipo jengo linalongoja kukaguliwa, na umuulize mzee aliye karibu nawe jina la aliyelijenga.